Kesi yangu ya ajali ilitupwa bila mimi kujua, bado naeza kuifufua?

"Habari mwanasheria. Agosti 2018 nilikua abiria wa bodaboda hapa Mtwapa, lori likatugonga kwa nyuma, nikavunjika mguu wa kulia na mpaka leo niko na chuma ndani. Wakili akanifungulia kesi Februari 2020 kwa korti ya hakimu. Ikaja korona, halafu 2021 nikaenda korti mara moja, tukaambiwa hakimu amehamishwa, hio ilikua Novemba. Tangu hapo kila nikipiga simu wakili ananiambia tunangoja tarehe. Mwezi uliopita nimeenda mwenyewe rejista, karani akafungua akaniambia kesi yako ilitupwa Juni 2024 kwa sababu hakuna mtu alikua anaifuatilia. Sikuletewa notisi yoyote. Wakili sasa ananiambia nisijali, nimpe elfu kumi na tano afungue ingine mpya. Je ni kweli naeza kufungua ingine? Korti inaezaje kutupa kesi ya mtu bila kumsikiza na Katiba inasema haki isizuiliwe na ufundi wa sheria? Na kuna watu wananiambia wakili alikula na bima. Nisaidie."

Salama ndugu yangu, na pole kwa huo mguu. Naanza na ile ya haraka kabla hujafanya kitu: usitoe hio elfu kumi na tano ya kufungua kesi mpya. Si ati nakuchochea dhidi ya wakili wako, ni hesabu tu. Madai ya kuumia kwa uzembe wa mtu mwingine yana miaka mitatu kwa Sheria ya Ukomo wa Muda ya Kenya, Sura 22. Uligongwa Agosti 2018, kwa hivyo mlango ulifungwa Agosti 2021. Kesi yako ya kwanza iliingia Februari 2020 ukiwa ndani ya muda, lakini ile ya pili ikiingia leo wakili wa mwenye lori atasimama siku ya kwanza, aseme imepitwa na wakati, na utatoka hapo umetupwa mara ya pili na pengine gharama juu. Kweli iko nafasi ya kuomba muda uongezwe kwa kesi za majeraha, lakini hio ni ya mtu ambaye hakujua mambo ya msingi, mfano aliumia na hakua na njia ya kujua ni nini kilimuumiza. Wakili kulala haimo humo. Tena Mahakama ya Rufaa ishawahi kuchukulia kesi iliyotupwa kwa kutoendeshwa kama imeshaamuliwa, kwa hivyo hata ungekua ndani ya muda bado ungekua na vita ingine. Kwa hali yako njia ni moja, kuifufua ile ile ya zamani.

Sasa nikueleze ilikufaje, maana ukielewa hapo ndio utajua unaifufua na nini.

Watu wengi wanadhani ukishafungua kesi korti inaichukua mkononi inaanza kutembea nayo, inakuitia mashahidi, inakupangia tarehe, wewe kazi yako ni kungoja simu. Hio ni picha ya kesi ya jinai, ambapo kuna polisi na kuna mwendesha mashtaka. Kesi ya madai ni kama mkokoteni, aliyeuleta barabarani ndiye wa kuusukuma, na hapo mlalamishi ni wewe. Hakimu akihamishwa, ni upande wako ndio unarudi rejista kuomba kesi itajwe mbele ya hakimu mpya na tarehe ya kusikizwa ipangwe. Usipoenda hakuna anayekutafuta. Mwenye lori naye hana haraka, kwake kila mwaka unaopita ni faida, kwa hivyo usitarajie wakili wa bima aamshe simba.

Kanuni yenyewe iko kwenye Kanuni za Utaratibu wa Kesi za Madai za 2010, Amri ya 17, kanuni ya 2. Inasema kesi ikikaa mwaka mmoja bila upande wowote kupeleka ombi au kuchukua hatua, korti inaeza kutoa notisi, njooni mseme kwa nini kesi hii isitupwe. Mkikosa kuja, au mkija na sababu zisizoridhisha, inatupwa. Upande wa pili pia unaeza kuomba wenyewe. Halafu 2020 kanuni zikarekebishwa zikaongezewa meno: kesi ikikaa miaka miwili bila hatua, inahesabiwa imetupwa. Hio ya miaka miwili ndio inaleta mjadala, kuna majaji wanaosema inajitupa yenyewe bila hata notisi, na kuna wanaosema huezi kumfukuza mtu kortini bila kumwambia. Kesi yako ilisimama Novemba 2021 na ikatupwa Juni 2024, miaka miwili na miezi kama saba, kwa hivyo inaingia kote kuwili. Ndio maana nataka ujue ilitupwa kwa kipengele gani, nitarudi hapo.

Siku ya notisi zenyewe huwa hivi, na nimekaa kwenye hizo benchi mara nyingi. Asubuhi karani anaingia na faili zimefungwa na kamba, unakuta ni arobaini, hamsini, anasoma nambari na majina, anangoja kidogo, hakuna anayesimama. Hakimu anafungua ukurasa wa mwisho ulioandikwa, anaangalia tarehe, anaandika mistari miwili, faili linasukumwa upande wa pili wa meza. Haichukui dakika mbili. Hakimu hajasoma kama uko na chuma kwa mguu, hajui lori lilikua linaenda kasi gani. Anachokiona ni tarehe ya mwisho na viti vitupu. Kwa hivyo ukisema korti ilitupa bila kukusikiza uko sawa kwa maana ya kwamba madai yako hayakusikizwa, lakini korti nayo itakujibu kwamba ilikua inakungoja tangu 2021.

Na hapa nije kwa Katiba, maana kila mtu siku hizi anaitaja. Kifungu cha 159(2)(d) kinasema haki itolewe bila kutegemea sana ufundi wa taratibu, ni kweli. Lakini mistari miwili juu yake, kwa (b), kinasema haki isicheleweshwe. Wakili wa bima atakusomea hio (b) kwa sauti kubwa. Kukaa zaidi ya miaka miwili bila kufanya chochote hakuonekani kama ufundi wa sheria mbele ya hakimu, kunaonekana kama mtu aliyeacha kesi yake. Itaje Katiba, ndio, pamoja na kifungu cha 50 cha haki ya kusikizwa, ila usiiegemee peke yake kama nguzo. Nimeona maombi yana kurasa sita za Katiba na mstari mmoja wa sababu ya kuchelewa, hayaendi mbali.

Kinachobeba ombi ni vitu vingine. Tangu 1984, kwa kesi ya Ivita dhidi ya Kyumbu, korti zetu zinauliza maswali yale yale: je kuchelewa kulikua kurefu na hakuna udhuru, na kama ndivyo, je bado haki inaezekana kutendeka pamoja na huko kuchelewa, haki kwa mlalamishi na kwa mshtakiwa pia. Na kutoka zamani zaidi, 1967, kuna Shah dhidi ya Mbogo, kwamba uwezo wa korti kurudisha kesi ni wa kumsaidia mtu aliyeteleza au kukosea kwa njia inayosameheka, si wa kumsaidia anayekwepa au kuchelewesha makusudi. Utasikia hayo majina mawili kwa karibu kila uamuzi wa aina hii.

Tukipima yako kwa mizani hio, urefu hatuna la kusema, ni mrefu. Udhuru sasa. Korona inaeleza 2020 vizuri, korti zilipunguza shughuli kuanzia Machi 2020 na kila hakimu anaikumbuka. Hakimu kuhamishwa kunaeleza miezi kadhaa baada ya Novemba 2021. Lakini 2022 yote, 2023 yote, mpaka Juni 2024, hapo kuna shimo, na halafu kuna shimo la pili kutoka siku ilipotupwa mpaka mwezi uliopita ulipogundua. Afidaviti yako, yaani maelezo yako ya kiapo, lazima ijaze mashimo yote mawili kipande kwa kipande, siyo kuruka na kusema kwa jumla nilichelewa kwa sababu zisizozuilika.

Unachokijaza nacho ni hizo simu ulizokua unapiga. Rudi kwa WhatsApp utafute meseji za wakili, ile ya "tunangoja tarehe", piga skrinshoti na tarehe zionekane, usifute kitu. Rekodi za simu, risiti za pesa ulizomlipa, siku ulizoenda ofisini kwake na ukakuta nani. Kama uliwahi kwenda rejista ukaambiwa faili halionekani, andika ilikua lini. Kama ulilazwa tena kwa huo mguu katikati ya hio miaka, leta karatasi za hospitali. Na kama kampuni ya bima ya hilo lori iliwahi kuwekwa chini ya usimamizi na kesi zake zikasimamishwa, hio ni sababu nzito sana na watu huisahau, iulizie. Hakimu anataka kuona mtu aliyekua anabisha mlango na hafunguliwi, hapo utakua tofauti kabisa na yule aliyesahau kesi akakumbuka aliposikia jirani amelipwa.

Lakini jitayarishe kwa jibu hili: "kosa la wakili". Korti zimegawanyika hapa. Kuna hakimu atakwambia makosa ya wakili yasimwangukie mteja asiye na hatia, na kuna mwingine atakwambia kesi ni ya mteja si ya wakili, ulikua na miguu, hata kama mmoja ni mbovu, ungeenda rejista kuuliza. Ukisema tu "nilimwachia wakili" unaanguka kwa wa pili. Ukionyesha ulimuuliza mara kumi na tano na akakuhakikishia mara kumi na tano, hata huyo wa pili anaanza kulegea. Ndio maana hizo meseji zina uzito kuliko kurasa za Katiba.

Swali la pili la mizani, haki bado inaezekana? Hapa uko vizuri kuliko unavyodhani. Kesi za ajali husimama kwa karatasi: abstrakti ya polisi (karatasi ya kuonyesha ajali iliripotiwa), P3 (fomu ya polisi ambayo daktari hujaza majeraha), karatasi za matibabu, ripoti ya daktari, rekodi ya umiliki wa lori kutoka NTSA, mamlaka ya usalama barabarani. Hizo hazisahau. Upande wa pili utasema dereva ameacha kazi, hawampati, kumbukumbu zimefifia. Waambie waonyeshe hio hasara, wasiseme tu. Kama bima yao ilikupeleka kwa daktari wao ukapimwa, na difensi yao, yaani majibu yao ya kujitetea, iko kwa faili, na taarifa za mashahidi zilishawekwa, wamebakisha nini cha kuharibika? Angalia pia kama kulikua na kesi ya trafiki dhidi ya dereva, rekodi yake ni dhahabu.

Sasa kuhusu notisi, maana umesema hukuletewa. Kwa bahati mbaya ukiwa na wakili kwa rekodi, notisi ikimfikia yeye inahesabiwa imekufikia wewe. Haiji nyumbani kwako. Kwa hivyo swali siyo kama wewe uliiona, ni kama ofisi yake iliipata, na jibu liko ndani ya faili. Nenda rejista uombe kulisoma, uombe na nakala zilizothibitishwa za rekodi ya korti na za amri ya kutupa, utalipia ada kidogo. Tafuta pale kuna afidaviti ya kuonyesha notisi ilipelekwa, ilipelekwa wapi, kwa anwani gani, kwa imeili gani, nani alipiga mhuri. Ukikuta notisi haikupelekwa kabisa, au ilienda kwa ofisi iliyohama kitambo, ombi lako linabadilika sura, linakua karibu haki yako moja kwa moja kwa sababu hamkupewa nafasi ya kujieleza. Ukikuta mhuri wa wakili wako uko hapo na tarehe, basi unajua na yeye mnazungumza nini. Mgala muue na haki mpe, siku hizi mambo mengi yanaenda kwa mtandao na nimeona mawakili wazuri kabisa wakipitwa na notisi iliyoenda kwa imeili ya karani aliyeacha kazi.

Soma pia maneno yenyewe ya ile amri. Kama hakimu ameandika kesi imetupwa kwa kutochukuliwa hatua, hio ni Amri ya 17 na ombi lako linakuja chini ya kanuni ya 2(6), inayoruhusu mtu kurudi kortini baada ya kutupwa. Lakini kama kulikua na tarehe ya kusikizwa imepangwa, upande wa pili ukaja na nyinyi hamkuja, hio ni Amri ya 12, kuirudisha unatumia kanuni ya 7, na kwa hio kesi mpya imekatazwa waziwazi hata ungekua na muda. Makarani wa mawakili wanachanganya hizi mbili kila siku, wananakili ombi la zamani wanabadilisha majina. Kesi haifi kwa sababu umetaja kanuni isiyo yake, ila hakimu akiona haujui hata ilitupwa vipi anakusikiza na sikio moja.

Ombi lenyewe si kitu cha kutisha, ni hoja ya maandishi na afidaviti yako wewe, siyo ya wakili, na viambatisho. Ombeni mambo mawili, amri ya kutupa iondolewe na kesi irudishwe, na muombe hapo hapo maelekezo ya lini itasikizwa. Ambatisha taarifa zako na orodha ya nyaraka zikiwa kamili, ili hakimu aone akikurudishia leo, kesho unaeza kupanda kizimbani. Ukikubaliwa tarajia masharti, mara nyingi unalipia upande wa pili usumbufu ndani ya siku fulani, na unapewa muda wa kupanga tarehe, ukipita inakufa tena yenyewe. Hapo usicheze hata siku moja.

Na mwendo kuanzia sasa una uzito kuliko yote. Mpaka mwezi uliopita unaeza kusema sikujua. Kuanzia ile siku karani alikufungulia, hauna tena hilo neno. Kila wiki unayokaa ukishauriana na wajomba inaandikwa kwa upande wako mbaya. Ningetaka ombi liwe limeingia ndani ya wiki mbili tatu.

Nani alifanye? Hapa nakwambia ukweli vile ningemwambia ndugu yangu, huyo wakili wako ana mgongano, kwa sababu sehemu kubwa ya ombi ni kusema yeye alilala, na hakuna mtu anaandika vizuri kuhusu usingizi wake. Akikubali kuapa afidaviti yake mwenyewe akiri kosa na aeleze, mshukuru, hio inasaidia sana. Asipokubali, badilisha. Kwa sababu kesi ishaamuliwa, upande wa pili unaeza kusema wakili mpya anahitaji ruhusa ya korti au makubaliano yaliyosainiwa na wa zamani, kwa hivyo pata hayo makubaliano mapema, ni ukurasa mmoja, usiwaachie ufa. Ukikosa pesa unaeza kujisimamia mwenyewe, au ujaribu Kituo Cha Sheria, wako na ofisi Mombasa, au Huduma ya Kitaifa ya Msaada wa Kisheria. Lakini kabla ya kupeleka chochote kaa na mtu wa sheria uso kwa uso akiwa na hizo nakala mkononi, mimi hapa sijaona faili lako na kuna vitu mstari mmoja wa hakimu unaeza kuvibadilisha vyote.

Ikikataliwa, kutoka kwa hakimu unaenda Mahakama Kuu na muda wa rufaa ni siku 30, muulize wakili kama kwa amri ya aina hio unahitaji ruhusa kwanza. Sitakudanganya, inaeza kukataliwa, miaka miwili na nusu ni mingi. Ikifika hapo unabaki na madai dhidi ya wakili mwenyewe kwa uzembe, ambayo utahitaji kuonyesha kwamba ile kesi ya lori ungeshinda, kwa hivyo zile karatasi za hospitali zitunze hata wakikwambia zimeisha kazi. Na malalamiko unaeza kupeleka kwa Kamisheni ya Malalamiko Dhidi ya Mawakili, haulipishwi, ila elewa hao wanashughulika na mwenendo wake, hawana uwezo wa kurudisha kesi.

Ile ya kula na bima. Watu husema hivyo kila kesi ikikwama na mara nyingi si kweli, ila hukosei kuuliza. Mawakili wakielewana na bima kukulipa, faili huandikwa kesi imemalizwa kwa makubaliano, haliachwi mpaka litupwe kwa vumbi. Lako limetupwa, kwa hivyo dalili ni usingizi kuliko wizi. Kwa kuondoa shaka waandikie bima barua, kitengo cha madai, utaje nambari ya kesi na nambari ya lori, uulize kama kuna malipo yoyote yalitoka kwa jina lako na yalilipwa kwa nani. Weka nakala yenye mhuri wao wa kupokea. Wakijibu kuna hundi ilitoka, achana na haya yote niliyoandika hapa, chukua hio barua uende polisi siku hio hio.

Jumatatu anza na rejista. Uende na kitambulisho na nambari ya kesi, na uende mapema kabla foleni haijajaa.